Fundi wa Vyombo Vingi: Kazi za Judy Kibinge

Wahenga walinena kwamba mshika mbili moja humponyoka. Methali hii yamfaa mtu abadiliye kazi kwa sababu amechoka na ile ya kwanza. Haimfai fundi abadiliye chombo kwa sababu kazi iliyo mbele yake yataka chombo kingine. Mchongaji wa Tabaka hutoa katika jiwe la Kisii bakuli, kiboko na sanamu ya mama na mtoto, wala hakuna amwambiaye kwamba amepoteza njia. Nakuomba, msomaji, uishike tofauti hiyo iwe mizani yako tunapozipima kazi za Judy Kibinge, mwongozaji wa filamu wa Kenya.

Kibinge alizaliwa mwaka 1967. Kabla ya filamu alikuwa mbuni wa matangazo ya biashara katika shirika la McCann-Erickson, Nairobi, akapanda mpaka cheo cha mkuu wa ubunifu. Kisha mwaka 1999 akaiacha kazi hiyo yenye mshahara wa uhakika. Usiidharau shule aliyotoka. Tangazo la nusu dakika halina nafasi ya neno la bure wala picha ya bure, na aliyelelewa humo hujifunza kuheshimu wakati wa mtazamaji.

Filamu yake ndefu ya kwanza, Dangerous Affair, ilitoka mwaka 2002. Yahusu mapenzi, ndoa na usaliti miongoni mwa vijana wa Nairobi wenye kazi na fedha. Miaka miwili baadaye ikafuata Project Daddy, kisa cha mwanamke aliyevunjika uchumba na sasa anatafuta baba wa mtoto anayemtamani. Yamkini mwalimu mkali ataziita kazi hizi nyepesi. Nyepesi ni kweli, lakini wepesi si upuuzi. Kwa muda mrefu wageni waliokuja na kamera Kenya walipiga picha za simba, ukame na wafugaji. Kumwonyesha Mwafrika akiwa mezani na rafiki zake, akicheka na kudanganyana kama watu wa mji wowote, kulikuwa ni kurudisha haki iliyopunjwa. Upungufu wa filamu hizo ni mwingine: maisha yake ni ya watu wachache, na wapishi, walinzi na mayaya wanaoyawezesha hawapewi nafasi kubwa ya kusema.

Baada ya uchaguzi wa Desemba 2007 nchi iliingia katika ghasia zilizoua watu zaidi ya 1,100. Wewe usomaye haya Kebirigo, kati ya mashamba ya chai ya Nyamira, ama hukuwa umezaliwa au ulikuwa ungali mgongoni mwa mama. Waulize wakubwa wako habari za mpaka wa Borabu na Sotik mapema mwaka 2008, jinsi nyumba zilivyoteketea na majirani wakakimbiana. Hapo ndipo utakapoelewa kwa nini mwongozaji wa vichekesho vya mapenzi aliona kwamba chombo chake cha zamani hakitoshi.

Matunda ya fikira hiyo ni Something Necessary, filamu iliyoonyeshwa mwaka 2013. Anne amempoteza mume, mwanawe ameumizwa vibaya, na nyumba yake shambani imekuwa magofu. Azma yake ni kuijenga upya. Joseph ni kijana aliyekuwa katika genge lililoshiriki ghasia, na dhamiri humvuta arudi karibu na shamba hilo. Mwongozaji mdogo wa moyo angetuonyesha upande mmoja tu, tulie na Anne au tumlaani Joseph. Kibinge atuweka na wote wawili. Hatusamehewi kutazama jeraha, wala hatuachwi tudhani kwamba aliyejeruhi hana uso. Walakini hadithi hii hukaa karibu mno na shamba. Wakubwa ambao maneno yao yaliwasha moto hawana nafasi kubwa ndani yake, na mtazamaji aweza kuondoka akidhani kwamba toba ya kijana mmoja yatosha kufuta deni la taifa.

Jibu la upungufu huo lilikuja mwaka 2015, nalo halikuja kwa hadithi ya kubuni. Scarred: The Anatomy of a Massacre ni filamu ya hali halisi juu ya mauaji ya Wagalla. Mwezi wa Februari 1984 askari wa serikali waliwakusanya wanaume wa Degodia katika kiwanja cha ndege karibu na Wajir, wakawaweka juani bila chakula wala maji, na wengi wakauawa. Kwa miaka mingi serikali ilitaja maiti 57. Manusura wataja hesabu kubwa zaidi kupita kiasi. Hapa mwigizaji angekuwa kizuizi. Manusura anapokanusha hesabu ya serikali kwa kinywa chake mwenyewe, ushahidi wake una uzito ambao mwigizaji hodari hawezi kuuazima. Mwongozaji hupunguza sauti yake ili ya manusura isikike.

Sasa rudi kwenye mizani yetu. Kicheko kilifaa maisha ya mji. Kisa cha kubuni kilifaa dhamiri ya watu wawili, ambayo haipigiki picha waziwazi. Ushuhuda ulifaa kosa la dola. Mwanamke huyu hakuponyokwa na lolote. Alikiacha chombo kilipofika mwisho wa uwezo wake, akashika kingine. Tena hakujilimbikizia vyombo peke yake, maana alianzisha Docubox, mfuko unaowasaidia watengenezaji wa filamu za hali halisi katika Afrika Mashariki.

Utakapotazama filamu au mchezo wowote wa televisheni, usiulize kwanza kama umekufurahisha. Uliza jambo linalosemwa ni lipi, na kama njia iliyochaguliwa yaweza kulibeba. Na mwalimu wako atakapokuruhusu kuchagua mwenyewe kati ya hadithi, tamthilia na insha, usikimbilie ile uliyoizoea. Litazame jambo lako kwanza, kisha uchague.