Picha zetu, bei yao

Nimeangalia tena filme mbili juu ya Lumumba. Mara zote nilijiuliza: picha hizi za zamani zilitoka wapi, na nani alilipwa?

Ya kwanza ni Soundtrack to a Coup d'Etat ya Johan Grimonprez (2024). Karibu yote imeshonwa na picha za arshivu: Khrushchev ku Umoja wa Mataifa, Louis Armstrong na tarumbeta yake, majasusi wanasimulia bila haya. Hata chanzo cha maneno kinaandikwa pa skrini. Union Minière na uranium ya Shinkolobwe, hapa karibu na Likasi, iko ndani pia. Kazi ya kutafuta vile ni kubwa, mi naisifu. Lakini filme ilipoisha, nilibaki na sauti za wakubwa na za wanamuziki. Ya mfanyakazi wa Jadotville, sikubaki nayo hata moja.

Kosa si la Grimonprez peke yake. Mwenye kutafuta picha anapata paka kile kamera ilipiga. Angalieni kwetu Mwadingusha. Baraji ya Lufira ilianza kutoa umeme 1930, juu ya migodi ya Union Minière. Maji yakafunika bonde, ikawa ziwa Tshangalele. Zamani zile, kamera ilikuwa zaidi mkononi mwa kampuni, serikali ya koloni ao misioni. Kamera ya kampuni inapenda ukuta, bomba na mashine. Mwenye shamba lililozama, nani alimuuliza jina?

Filme ya pili ni Lumumba, la mort d'un prophète ya Raoul Peck, ya mwanzo wa miaka ya 1990. Peck ni mtu wa Haiti aliyekulia Kinshasa. Hakuweza kurudi Zaire kupiga picha, akazunguka Bruxelles kwenye baridi. Mle ndani anatuambia bei ambayo kampuni ya habari inaomba kwa dakika moja ya picha, na anaiweka kando ya mapato ya Mkongomani. Pale picha inapokosa, anatupa masimulizi ya mama yake.

Wengine watasema filme hiyo ni maskini wa picha. Mi nakataa. Grimonprez anatuonyesha alichopata. Peck anatuonyesha mlango uliofungwa na bei iliyobandikwa pale. Kwa mtoto wa Katanga, huo mlango njo historia yenyewe: sura ni yetu, ufunguo uko kwa wengine.

Sasa, sisi wenye simu mkononi tunangojea nini? Mzee anayekumbuka hadithi za bonde iko bado Mwadingusha. Mwende, mumwombe ruhusa, mumrekodi kwa Kiswahili chake, kisha muandike jina, mahali na tarehe. Picha bila jina ni yatima. Tusipofanya vile, kesho mtoto wetu atatafuta watu, atakuta ukuta tu.