Nani Alichimba Kisima? Sungura, Fisi na Kobe katika Hadithi za Watoto

Fasihi ya watoto haijapewa nafasi inayostahili katika mijadala yetu ya itikadi. Kada akisikia habari za Sungura na Fisi hutabasamu, akasema hayo ni mambo ya bibi na wajukuu wake. Hilo ni kosa la kinadharia. Mtoto hukutana na Simba, Fisi, Kobe na Sungura miaka mingi kabla hajaisikia katiba ya Chama wala neno "tabaka". Siku anapoingia katika darasa la siasa, tayari anayo nadharia yake: anajua nani ana nguvu, nani mjinga, nani hupata na nani hukosa. Nadharia hiyo hakupewa na mkufunzi. Alipewa na wanyama. Hapana budi basi tuwahakiki wanyama hao kama tunavyohakiki mafundisho mengine yoyote.

Mitazamo Miwili

Juu ya Sungura, mhusika mkuu wa ngano zetu nyingi, ipo mitazamo miwili. Wa kwanza ni wa walimu na wazazi wenye nia njema. Wao husema Sungura ni mwizi, mwongo na mvivu. Kwa hiyo aondolewe vitabuni, au kila hadithi imalizike kwa yeye kupata adhabu. Mtazamo huu hulitazama kosa, wala hauitazami jamii ambamo kosa limetendeka.

Mtazamo wa pili ni wa wasomi. Wao husema Sungura ni mnyonge. Hana makucha ya Simba wala kimo cha Tembo. Silaha yake ni akili. Katika jamii ya mtemi na raia, ya bwana na mtumwa, ya mkoloni na mtawaliwa, hadithi ya mdogo anayemshinda mkubwa ilikuwa somo la ukombozi. Historia inautia nguvu mtazamo huu. Waafrika waliopelekwa utumwani Marekani walikwenda na hadithi zao, na huko Sungura akaendelea kumchezea mwenye nguvu. Mwaka 1880 Joel Chandler Harris, mwandishi wa magazeti Mzungu wa jimbo la Georgia, alichapisha kitabu cha hadithi hizo alizozisikia kwa watu weusi. Mtu asiyemiliki shamba, wala nyumba, wala mwili wake mwenyewe, akimwibia bwana wake ameiba nini? Amejirudishia kidogo tu katika jasho lake.

Hata hivyo mtazamo wa pili nao una upungufu. Unamwona Sungura na unamwona Simba, basi. Wanyama wengine wote wamesahauliwa.

Asali ya Simba

Tuchukue hadithi ya asali ya mbuyuni, mojawapo ya hadithi za Unguja alizozitoa George Bateman kwa Kiingereza huko Chicago mwaka 1901. Sungura anaona mzinga wa nyuki katika mbuyu, na mbuyu ni wa Simba. Hathubutu kwenda peke yake. Anamwendea Buku na kumweleza kwamba baba yake amefariki akamwachia asali, waende wakale. Simba anawafumania juu ya mti. Sungura anaponyoka kwa hila, Buku anauawa.

Ni kweli kwamba Simba ameibiwa. Lakini gharama ya wizi huo ililipwa na nani? Ililipwa na Buku, mnyonge mwenziwe, aliyedanganywa kwa hati bandia ya urithi. Hapa Sungura si mwakilishi wa wanyonge hata kidogo. Mwenendo wake ni mwenendo wa vibwanyenye, wanaoishi baina ya Simba na Buku: anamchukia Simba kwa kuwa Simba ana asali, si kwa kuwa asali imehodhiwa na mmoja. Amilcar Cabral, alipohutubia Havana mwezi Januari 1966, alieleza kwamba tabaka hilo katika nchi zilizotawaliwa lina njia mbili tu: ama kuyasaliti mapinduzi, ama kujiua kitabaka ili lizaliwe upya pamoja na umma. Sungura hajapata kujiua kitabaka. Kila mara anayekufa ni Buku.

Kisima cha Wote

Hadithi iliyo na mafunzo makubwa zaidi ni ile ya kisima, inayosimuliwa kwa namna nyingi katika Afrika Mashariki na Kusini. Ukame umeingia. Wanyama wanakutana, wanakubaliana kuchimba kisima, na wote wanachimba isipokuwa Sungura, ambaye ana udhuru kila siku. Maji yanapopatikana mkutano unaamua kwamba asiyechimba asinywe, na mlinzi anawekwa. Katika masimulizi niliyokua nayo mlinzi wa kwanza ni Fisi. Sungura anakuja na kibuyu cha asali, anamwonjesha, halafu anamwambia kwamba utamu huu haupewi mtu ila akubali kwanza kufungwa kamba. Fisi anakubali. Sungura anakunywa, anaoga, anayachafua maji na kwenda zake. Kesho yake anawekwa mlinzi mkubwa kuliko Fisi, naye anafungwa. Mwishowe Kobe, ambaye hapana aliyemdhania, anaomba zamu. Wenzake wanampaka ulimbo mgongoni, naye anazama majini. Sungura anamkanyaga akidhani ni jiwe, ananasa.

Nakiri kwamba kwa miaka kadhaa niliifundisha hadithi hii vibaya. Niliitumia katika semina za viongozi wa matawi kueleza ubaya wa unyonyaji. Katika miaka iliyofuata Azimio la Arusha la 1967 mnyonyaji aliitwa kupe; nami nilisema Sungura ndiye kupe, nikafunga somo. Siku moja mama mmoja wa makamo, balozi wa shina, akanyosha mkono:

"Ndugu Mkufunzi, Sungura tumemsema sana. Na Fisi je? Yeye alichimba. Mkutano ndio uliomweka. Akafungwa kamba kwa kulamba asali. Mbona yeye hatumsemi?"

Watu walicheka, kisha wakanyamaza. Katika kijiji kile kisima kilikuwa kimechimbwa kwa nguvu za wananchi, na ufunguo wa pampu ulikuwa kwa mtu waliyemchagua wenyewe. Wote waliokaa chumbani walijua maji ya usiku yalikuwa yakienda wapi. Sikuwa na jibu la kumpa.

Swali lile linaigeuza hadithi nzima. Sungura asingepata hata tone la maji kama mlinzi asingekubali kufungwa. Kamba haikutumia nguvu. Fisi aliitoa mikono yake mwenyewe. Ni shida kupata maelezo ya rushwa yaliyo mafupi na kamili kuliko hayo: mpokeaji hujiona anakula, kumbe anafungwa. Wala asali yenyewe haikuwa sumu. Ilikuwa tamu kweli, na ndiyo maana iliweza kazi yake.

Mkutano nao hauwezi kukwepa lawama. Mlinzi wa kwanza aliposhindwa, wanyama hawakuuliza alishindwaje. Walitafuta mwingine mwenye mwili mkubwa zaidi, wakamweka pale pale ukingoni, mahali pale pale anapofikiwa na kibuyu. Walibadili mtu, hawakubadili utaratibu. Kobe alifaulu kwa sababu hakukaa ukingoni. Alikaa ndani ya maji yenyewe aliyopewa kuyalinda, na huko hapana wa kumwonjesha. Tena hakufaulu peke yake, kwa maana hapana ajipakaye ulimbo mgongoni.

Jambo hilo la umoja linarudi katika hadithi ya mashindano ya mbio. Katika hadithi ya Esopo, Kobe anashinda kwa kuwa mwenziwe alilala. Ni ushindi wa mtu mmoja mwenye subira. Katika masimulizi mengi ya Kiafrika, Kobe anawapanga ndugu zake njiani, na kila mpinzani afikapo anamkuta Kobe yuko mbele. Msomaji atasema hiyo nayo ni hila. Naam, ni hila. Na katika kitabu cha Harris, Sungura ananaswa kwa sanamu ya lami iliyotengenezwa na Mbweha, mnyama mwenye nguvu kuliko yeye. Kule mtego unaonata ni wa mkandamizaji. Kisimani kwetu ni wa umma. Kwa hiyo ujanja hauna tabaka lake la kudumu. La kuuliza ni uko mikononi mwa nani, na unalinda jasho la nani.

Mwisho Upi?

Katika baadhi ya masimulizi Sungura aliyenaswa huponyoka tena: huwafundisha wanyama namna ya kumwua, nao kwa kumsikiliza wanampa nafasi ya kukimbia. Watoto hufurahi sana. Msimulizi ndiye anayeuchagua mwisho, na wengi wetu tumezoea kuuchagua huo. Mtoto mwerevu tunamsifu kwamba ni mjanja kama Sungura. Sijasikia anayesifiwa kuwa ni kama Kobe. Hata nchi yetu mitaani inaitwa Bongo, jina litokanalo na ubongo, kwa kuwa mtu huishi kwa akili zake.

Sifa hiyo ilikuwa na maana wakati mbuyu ulipokuwa wa Simba. Simba wa kikoloni aliondoka Tanganyika mwaka 1961, na Mapinduzi ya Zanzibar yalifanyika mwaka 1964. Sungura hakubadili kazi. Alitoka mbuyuni akaja kisimani, nasi tukaendelea kumshangilia kwa mazoea.

Hitimisho

Siungi mkono wanaotaka Sungura afukuzwe vitabuni. Mtoto asiyemjua katika hadithi atakutana naye ukubwani bila kumtambua. Ninachopendekeza kwa walimu, wazazi na makada ni kwamba hadithi ikiisha, watoto waulizwe maswali matatu: nani alichimba, nani alilinda, nani alikunywa? Hayo ndiyo maswali ya kazi, madaraka na mgawanyo wa mali, na mtoto wa miaka saba anayaweza bila msamiati wowote wa nadharia.

Mimi tangu siku ile huanza somo langu na Fisi. Na kada atakayeisimulia hadithi hii ajiulize kwanza, kabla ya kuwauliza watoto: zamu yake anaishika ukingoni, au ndani ya maji?