Mbiru na Hoja ya Mapokeo Yaliyobuniwa: Tahakiki ya Uandishi wa Kimambo kuhusu Upare

Katika kitabu The Invention of Tradition (1983), kilichohaririwa na Eric Hobsbawm na Terence Ranger, Hugh Trevor-Roper anachunguza mapokeo ya wakazi wa milima ya Uskoti na kuyavua ukale wake. Kwa mujibu wake, vazi la kilt lilitokana na Mwingereza mwenye tanuri la chuma katika karne ya 18. Tenzi za Ossian zilikuwa kazi ya James Macpherson. Nao utaratibu wa kila ukoo kuwa na kitambaa chake ulishamirishwa na wafanyabiashara baada ya ziara ya Mfalme George IV mjini Edinburgh mwaka 1822. Ranger, aliyewahi kufundisha historia Dar es Salaam katika miaka ya 1960, aliipeleka hoja hiyo Afrika ya kikoloni katika kitabu hichohicho. Tangu hapo masimulizi ya koo yamekuwa yakisomwa kwa shaka, na si mara zote shaka hiyo imekuwa na mipaka.

Ikumbukwe kwamba Trevor-Roper ndiye aliyedai mwaka 1963 kuwa Afrika haina historia ila historia ya Wazungu waliomo. Miaka sita baadaye Isaria Kimambo, mzaliwa wa Upare, alichapisha A Political History of the Pare of Tanzania, kitabu kinachoanza takriban mwaka 1500 na kuegemea zaidi masimulizi ya wazee. Kimambo anaeleza jinsi Wasuya, wakiongozwa na Angovi, walivyowapindua Washana, ukoo wa wafua chuma, huko Ugweno, na jinsi Mranga alivyoupanga upya utawala. Ni kazi kubwa. Kasoro yake ni kwamba jicho lake linavutwa mno na dola. Ugweno, uliokuwa na mamlaka yaliyokusanywa mahali pamoja, unang'aa, ilhali milima ya Same, yenye tawala ndogondogo, inaonekana kama pembezoni. Washana nao wanageuka utangulizi wa washindi wao. Hilo halishangazi katika kitabu cha miaka ya mwanzo ya uhuru, wakati wanahistoria walipotakiwa kuthibitisha kuwa Waafrika walijitawala.

Je, mapokeo haya ni ya aina ya vitambaa vya Uskoti? Jibu la haraka ni kwamba hapana, kwa kuwa ukoo wa Kipare umefungwa na vitu visivyohamishika: mpungi, yaani kichaka cha matambiko ambamo mafuvu ya wahenga yalihifadhiwa, na ndiva, bwawa la kukusanyia maji ya mifereji. Lakini jibu hilo halitoshi. Mpungi unathibitisha kuwa ukoo ulikuwapo. Hauthibitishi orodha ya watawala wake wala idadi ya vizazi ambayo kwayo miaka inakadiriwa.

Jibu zito zaidi limo katika kazi nyingine ya Kimambo, Mbiru: Popular Protest in Colonial Tanzania (1971). Mbiru lilikuwa jina la kale la ushuru aliopewa mtawala. Katika miaka ya 1940 jina hilo lilipachikwa kwenye kodi mpya iliyotozwa kwa kukadiria mali ya kila mtu. Hapa ndipo ulipo ubunifu wa mapokeo kwa maana kamili ya Ranger: neno la wahenga limevishwa sera ya bwana shauri. Tofauti na Waskoti wa Trevor-Roper, waliolivaa vazi lao jipya kwa fahari, Wapare waliikataa kodi hiyo. Januari 1945 maelfu walishuka milimani hadi Same, makao makuu ya wilaya, wakadai iondolewe. Jean O'Barr, aliyechunguza ushiriki wa wanawake, anaeleza kuwa wanawake nao walimfuata bwana shauri wakimtaka ama amalize shauri ili waume zao warudi nyumbani, ama awape mimba yeye mwenyewe.

Watu hawa hawakuhitaji kitabu cha 1983 ili kutambua kitu kilichobuniwa. Kwa hiyo dhana ya ubunifu, inapotumiwa kwa Upare bila kutaja mbiru, huwafanya wenye mapokeo kuwa wapokeaji tu. Ranger mwenyewe aliilegeza dhana hiyo mwaka 1993.

Hata hivyo, jambo hili linamrudia Kimambo pia. Masimulizi yake aliyakusanya katika miaka ya 1960, utawala wa machifu ukiwa umefutwa mwaka 1963. Wazee wengi wa wakati huo walikuwa watu wazima mwaka 1945. Walipoeleza ushuru wa watawala wa kale ulivyokuwa wa haki na wa kiasi, walikuwa wakieleza karne ya 16, au walikuwa wakiendeleza hoja waliyoitoa Same? Kitabu cha 1969 hakiulizi swali hilo kwa uzito unaostahili, ingawa mwandishi wake ndiye aliyekuwa na nyenzo za kulijibu. Mtafiti anayekitumia kama chanzo kuhusu ushuru na uhalali wa watawala kabla ya ukoloni hana budi kuanza na kile cha 1971, kisha arudi nyuma.