Kizuizini na Kijijini: Uhakiki wa Msamiati wa Kambi za Raia katika Maandishi ya Hali ya Hatari ya Kenya, 1952–1960

Ikisiri

Makala haya yanahakiki maneno ambayo Kiswahili kimeyatumia kuzitaja kambi ambamo raia walifungiwa nchini Kenya wakati wa Hali ya Hatari. Kwa kusoma kumbukumbu za J.M. Kariuki na Gakaara wa Wanjaũ sambamba na kazi za Ngũgĩ wa Thiong'o, inadaiwa kwamba neno kizuizini limeihifadhi vyema historia ya waliofungiwa kwa hati, wengi wao wanaume, lakini limewaacha nje watu zaidi ya milioni moja, hasa wanawake, watoto na wazee, waliofungiwa mahali palipoitwa vijiji. Inaonyeshwa pia kwamba athari za uteuzi huo wa maneno hazikuishia vitabuni.

Jina na kitendo

Msomaji wa Kiswahili hukutana na kambi za Wanazi, kuanzia ile ya Dachau iliyofunguliwa Machi 1933, kwa jina la kambi za mateso. Anapofika kwenye kambi za Waingereza nchini Kenya jina hubadilika: ni kambi za kizuizini, au kizuizini tu. Yapo ya kuitetea tofauti hiyo. Wanazi walijenga pia vituo ambavyo kazi yake ilikuwa kuua, na mwanahistoria anayeona Auschwitz nyuma ya kila seng'enge hamsaidii mtu. Caroline Elkins, ambaye kitabu chake cha mwaka 2005 kilitolewa Uingereza kwa jina lililozilinganisha kambi za Kenya na zile za Kisovyeti, alikosolewa kwa ulinganishi huo na pia kwa makadirio yake ya vifo. Mwaka 2007, mtaalamu wa demografia John Blacker alitoa makadirio ya chini zaidi: vifo vya ziada kama 50,000, karibu nusu yake vikiwa vya watoto wenye umri wa chini ya miaka kumi.

Takwimu hiyo ndogo ndiyo inayopaswa kumsimamisha mtumiaji wa neno kizuizini. Watoto wa umri huo hawakuwa na hati za kuzuiliwa wala namba za kambi. Walifia wapi?

Kambi za namna hii hazikuanzia Ulaya ya 1933. Mwaka 1896 Jenerali Valeriano Weyler aliwakusanya wakulima wa Cuba ndani ya miji yenye ulinzi wa jeshi ili waasi wakose chakula na habari. Waingereza walitumia mbinu hiyo Afrika Kusini kati ya 1900 na 1902. Makaburu wapatao 28,000 walikufa kambini, wengi mno wakiwa watoto. Na Waafrika wasiopungua 14,000 walikufa katika kambi walizotengewa peke yao, vifo ambavyo kwa miongo mingi havikutajwa sana katika masimulizi ya vita hivyo. Jina la kambi hizo katika lugha za Ulaya lilitokana na kitendo cha kukusanya. Kiswahili kimelitafsiri ama kwa matokeo yake, yaani mateso, ama kwa kisingizio chake, yaani kizuizi. Kitendo chenyewe cha kuwang'oa watu makwao na kuwarundika mahali pamoja kimepotea njiani.

Kuzuia ni kukinga jambo lisitokee. Kwa hiyo anayewekwa kizuizini huwa amekwisha kuhukumiwa na kitenzi: kuna jambo alilokuwa mbioni kulitenda, nalo limekingwa. Si ajabu kwamba neno hilo liliifaa serikali ya kikoloni, na likazifaa pia serikali zilizofuata. Lugha ya Gĩkũyũ ilichukua njia nyingine. Gakaara wa Wanjaũ, mwandishi na mchapishaji aliyekamatwa Hali ya Hatari ilipotangazwa Oktoba 1952, alichapisha kumbukumbu zake kwa lugha hiyo mwaka 1983, na mwaka uliofuata zikapata Tuzo ya Noma. Katika kichwa cha kitabu chake, mahali alipofungiwa panaitwa ithaamĩrio. Shina lake ni thaama, kitenzi kilicho ndugu na hama ya Kiswahili. Ni mahali ambapo mtu amehamishiwa. Neno halisemi lolote kuhusu kosa la aliyehamishwa; macho yake yako kwa aliyemhamisha.

Kariuki na mwendo wa bomba

Kumbukumbu za J.M. Kariuki zilitoka mwaka 1963, miaka ishirini kabla ya za Gakaara, kwa Kiingereza, zikichapishwa na Oxford University Press na kutanguliwa na dibaji ya Margery Perham. Kariuki alipitishwa katika kambi kumi na nne kati ya 1953 na 1960. Hakuna maandishi mengine ya wakati huo yanayoonyesha kwa uwazi zaidi jinsi watu waliofungiwa walivyojitawala: walivyofundishana kusoma, walivyowekeana kanuni, walivyopashana habari, na walivyovusha kwa siri barua za malalamiko hadi London.

Barua hizo ndizo ufunguo wa kitabu. Kariuki aliishtaki serikali kwa sheria za serikali hiyohiyo, na aliwaandikia wasomaji ambao ilibidi wathibitishiwe kwanza kwamba mwenye kusema ni mtu mwenye akili na haki. Hilo lilikuwa jambo la ushujaa. Lakini lilikuwa na gharama ya kifasihi, nayo haijasemwa vya kutosha na wahakiki. Ili ashindane na serikali kwa sheria, ilimlazimu akubali kipimo chake cha nani ni mfungwa. Mfungwa ni mwenye hati, mwenye namba na mwenye rangi. Maofisa waliwagawa watu kuwa weupe, wa kijivu na weusi kwa kadiri ya uaminifu wao kwa kiapo, na mfumo mzima wa kambi waliuita bomba: mtu aingie mweusi upande mmoja, atoke mweupe upande wa pili, karibu na kwao. Kariuki aliyadhihaki mambo hayo na kuyapinga kwa mwili wake. Hata hivyo, mwendo wa masimulizi yake ni mwendo wa bomba, kutoka kambi hadi kambi, na kilichokuwa nje ya bomba huonekana kwa mbali.

Lugha ya waliofungwa ilikuwa na ukali ambao msamiati rasmi haukuwa nao. Wakati wa kuchujwa, watoa habari waliletwa wamefunikwa gunia lenye matundu ya macho, wakatikisa kichwa kukubali au kukataa kila aliyepitishwa mbele yao. Wagĩkũyũ waliwaita gakũnia. Msomaji wa Kiswahili hahitaji kamusi kuelewa: ni kigunia. Neno moja limebeba mavazi, cheo na dharau.

Maji ya Hola

Mfano mzito zaidi wa sarufi kutumika kuficha ulitokea Hola, kando ya Mto Tana. Tarehe 3 Machi 1959, wafungwa 88 waliokuwa wakikataa kazi walipelekwa shambani kwa mpango ulioandaliwa na ofisa wa magereza, John Cowan, uliowaruhusu walinzi kuwalazimisha. Walipigwa, na watu kumi na mmoja wakafa. Taarifa ya kwanza ya serikali ilieleza kwamba vifo vilitokea baada ya watu hao kunywa maji kutoka gari la maji.

Taarifa hiyo inastahili kusomwa polepole na kila anayefundisha semantiki. Haikudai kwamba maji yaliwaua. Ilitumia kiunganishi cha wakati pale palipotakiwa kiunganishi cha sababu, ikamwachia msomaji kazi ya kujidanganya. Uchunguzi wa vifo ulibainisha vipigo, na tarehe 27 Julai 1959 suala hilo likajadiliwa usiku katika Bunge la Uingereza, ambapo hata mbunge wa chama tawala, Enoch Powell, aliikosoa vikali serikali yake. Hola iliharakisha kufungwa kwa kambi. Lakini ilikuwa na matokeo mengine pia: ilithibitisha kwamba kashfa ya Kenya ni kashfa ya kambi zenye hati.

Kijiji

Mwezi Juni 1954 Baraza la Vita liliamua kuwahamisha Wagĩkũyũ wa mashambani, pamoja na Waembu na Wameru wengi, kutoka katika maboma yao yaliyotawanyika mitelemkoni. Kufikia mwisho wa 1955 watu zaidi ya milioni moja walikuwa wamekusanywa katika vijiji zaidi ya 800. Nyumba za zamani zilichomwa au kubomolewa. Wengi walizungukwa na seng'enge na handaki lililopandwa vigingi vilivyochongoka, na kituo cha homgadi kikawatazama kutoka juu. Walichimba handaki hilo wenyewe, hasa wanawake, kwa kazi ya kulazimishwa isiyo na ujira. Palipokuwa na adhabu ya kijiji kizima, watu walifungiwa ndani mchana na usiku, wakiruhusiwa muda mfupi tu wa kwenda kutafuta chakula. Shabaha ilikuwa kukata njia ya chakula kati ya wanawake na wapiganaji wa msituni. Ni shabaha ileile ya Weyler.

Kisheria hawa hawakuwa wafungwa. Walikuwa wanakijiji. Takwimu rasmi za waliozuiliwa wakati wote wa Hali ya Hatari ni kama 80,000. Elkins alizipandisha hadi kati ya 160,000 na 320,000, na mabishano ya wasomi yakazingira pengo hilo. Kwa hesabu yoyote kati ya hizo, waliokuwa kijijini ni wengi kuliko waliokuwa kizuizini mara tatu au zaidi.

Kwa Mtanzania neno vijiji lina historia yake, hasa Operesheni Vijiji ya miaka ya 1970. Ulinganishi wa juujuu haufai, maana pale hapakuwa na vita vya kukata chakula cha waasi. Inatosha kusema kwamba katika nchi zote mbili neno lenye sauti ya ujirani liliwahi kubeba amri ya kuhama. Katika Gĩkũyũ, makazi hayo yaliitwa gĩcagi, na leo hilo ni neno la kawaida kabisa la kutaja mashambani, pengine kwa utani. Wanaolitumia hawasikii tena seng'enge ndani yake.

Aliyeisikia ni mwanariwaya. Ngũgĩ wa Thiong'o alirudi likizo mwaka 1955 kutoka shule ya Alliance akakuta kwao hakupo tena. Watu wamehamishiwa Kamĩrĩĩthũ. Riwaya yake ya 1967 kuhusu siku za Uhuru inaliweka handaki katikati ya kisa: Mugo anaangukia mikononi mwa serikali kwa kumtetea mwanamke anayepigwa handakini. Handaki na kambi vimeunganishwa hapo kwa tukio moja, jambo ambalo kumbukumbu za wanaume waliofungwa hazikulifanya kwa nguvu hiyo. Kumbukumbu za Ngũgĩ zilizotoka 2012 zilirejea tena kwenye nyumba ile isiyokuwepo. Wasomi wa ukumbi wa maonyesho hulitaja sana jina la Kamĩrĩĩthũ kwa ajili ya tamthilia ya 1977. Ni nadra kuwaona wakitaja kwamba kijiji hicho kilizaliwa kama kambi.

Mahakamani

Maneno haya yalipimwa London. Baada ya maelfu ya mafaili ya makoloni yaliyofichwa Hanslope Park kujulikana mwaka 2011, na baada ya maamuzi mawili ya mahakama mwaka huo na 2012 kuruhusu kesi ya Wakenya wachache kusikilizwa, serikali ya Uingereza ilitangaza tarehe 6 Juni 2013 kwamba inasikitika na itawalipa watu 5,228 jumla ya pauni milioni 19.9. Msingi wa makubaliano hayo ulikuwa mateso ya mwili waliyotendewa watu walipokuwa mikononi mwa serikali. Kesi ya pili ilikuwa na wadai zaidi ya 40,000, na madai yake yalikuwa mapana zaidi, yakiwemo ya kuhamishiwa vijijini kwa nguvu na kufanyishwa kazi. Ilitupiliwa mbali mwaka 2018, kwa sababu kubwa ya muda kupita.

Haitakuwa kweli kusema kwamba kesi ya pili ilishindwa kwa sababu ya msamiati. Hata hivyo, muda uliopita ulikuwa pia muda wa kutokuuliza. Kwa nusu karne utafiti, mitaala na simulizi za familia zilikuwa na neno la kumwitia aliyetoka Manyani, na hazikuwa na neno la kumwitia mama yake. Mnara uliozinduliwa Uhuru Park mwaka 2015 kwa ajili ya walioteswa unamwonyesha mwanamke akimpa mpiganaji chakula. Vijiji vilijengwa ili tendo hilo lisiwezekane, lakini mnara huo hukumbukwa kama mnara wa watu wa kizuizini.

Wanaoandaa mitaala na istilahi wana uhuru wa kuchagua. Kubuni istilahi mpya si lazima. Kambi ya raia waliokusanywa kwa nguvu inatosha kwa maelezo ya kitaaluma, na kijiji cha seng'enge kinaeleweka na mwanafunzi yeyote. Jambo la haraka zaidi ni hojaji za masimulizi. Mtoto wa miaka kumi mwaka 1954 sasa amevuka themanini. Mtafiti akimuuliza bibi wa Mũrang'a au Nyeri kama aliwahi kuwekwa kizuizini, atajibu hapana, naye atakuwa amesema kweli. Aulizwe alihamishwa kutoka wapi, nani alichimba handaki, na ni nani kati ya ndugu zake aliyezikwa ndani ya kijiji.