Siri ya Mtungi na Lugha ya Kata: Ujasusi na Mamlaka Fiche katika Maandishi ya Godfrey Mwakikagile na Riwaya ya Kiswahili

Ikisiri

Makala hii inachunguza namna ujasusi na mamlaka fiche katika siasa za kimataifa zinavyosimuliwa katika maandishi ya aina mbili yenye asili ya Tanzania. Aina ya kwanza ni riwaya za Aristablus Elvis Musiba, zilizoandikwa kwa Kiswahili. Aina ya pili ni vitabu vya historia na kumbukumbu vya Godfrey Mwakikagile, aliyesoma Shule ya Kati ya Mpuguso wilayani Rungwe, ambavyo vimeandikwa kwa Kiingereza. Kwa kurejelea mkasa wa simu wa Januari 1965 kati ya Zanzibar na Dar es Salaam, makala inaonesha kwamba ujasusi ni, kabla ya yote, kazi ya kusoma na kufasiri lugha. Hoja kuu ni kwamba mgawanyo wa lugha umempa msomaji wa Kiswahili siri kama burudani, lakini kwa sehemu kubwa umemnyima siri kama ushahidi.

1.0 Utangulizi

Wahenga walisema, siri ya mtungi aijuaye kata. Methali hii kwa kawaida hutumiwa kusisitiza kwamba undani wa jambo hujulikana na aliye karibu nalo. Hata hivyo, ina upande wa pili usiotajwa mara nyingi: kata haihifadhi siri, bali huichota na kuitoa nje. Anayetaka kujua kilichomo mtungini hana budi kuuliza kata ni ya nani na inamiminia katika chombo gani. Katika maandishi yanayohusu siasa za siri za Vita Baridi Afrika Mashariki, kata hiyo ni lugha.

Uhakiki wa riwaya ya Kiswahili umekwisha kuitambua riwaya ya upelelezi kama mkondo wenye wasomaji wengi, ingawa kwa muda mrefu iliwekwa katika kapu la fasihi pendwa na kuhukumiwa kwa kigezo cha wepesi wake. Kile ambacho hakijatazamwa vya kutosha ni uhusiano wa riwaya hiyo na maandishi yasiyo ya kubuni yanayoshughulikia matukio yale yale. Mwakikagile anafaa kwa ulinganisho huu, kwa kuwa safari yake ya kielimu na ya kikazi inaonesha wazi namna maarifa ya siasa yalivyohama kutoka lugha moja kwenda nyingine.

2.0 Kutoka Mpuguso hadi Chumba cha Habari

Mwakikagile alizaliwa Kigoma mwaka 1949 na kukulia Rungwe. Alisoma Shule ya Msingi Kyimbila, karibu na mji wa Tukuyu, kisha Shule ya Kati ya Mpuguso, ambako alikuwa mwanafunzi mwaka 1961, mwaka wa Uhuru wa Tanganyika. Mtoto wa Rungwe wa kizazi hicho aliishi katika ngazi tatu za lugha. Kinyakyusa kilikuwa lugha ya nyumbani, Kiswahili lugha ya masomo ya mwanzo na ya siasa ya TANU, na Kiingereza lugha iliyozidi kushika nafasi kadiri mwanafunzi alivyopanda madarasa. Kila ngazi ilifungua mlango na wakati huo huo kuwaacha wengine nje ya mlango huo.

Baada ya masomo ya sekondari Songea, na akiwa bado mwanafunzi Dar es Salaam, Mwakikagile aliingia mwaka 1969 katika gazeti la Standard, lililotaifishwa mwaka uliofuata na baadaye kuwa Daily News. Mwaka 1972 alikwenda Marekani kwa masomo, akahitimu Chuo Kikuu cha Wayne State mjini Detroit mwaka 1975. Vitabu vyake, kikiwemo Nyerere and Africa: End of an Era, vinarejea mara kwa mara katika mambo ambayo kijana wa chumba cha habari cha Dar es Salaam asingeweza kuyakwepa: Kongo baada ya kuuawa kwa Patrice Lumumba mwaka 1961, Mapinduzi ya Zanzibar ya 1964, vita vya ukombozi Kusini mwa Afrika, na mkono wa mataifa makubwa katika yote hayo.

Dar es Salaam ya wakati huo ilikuwa makao ya Kamati ya Ukombozi ya Umoja wa Nchi Huru za Afrika, iliyoundwa mwaka 1963. Tarehe 3 Februari 1969, Eduardo Mondlane, rais wa FRELIMO, aliuawa mjini humo kwa bomu lililofichwa ndani ya kitabu kilichotumwa kama kifurushi. Ni vigumu kupata ishara kali zaidi ya uhusiano wa usomaji na hatari: aliyefungua kitabu ili asome aliuawa nacho.

3.0 Simu ya Januari 1965: Ujasusi kama Usomaji

Kabla ya kulinganisha matini, ni vyema kutazama mkasa mmoja unaodhihirisha kwamba kiini cha ujasusi ni ufasiri. Mapema mwaka 1965, Frank Carlucci, aliyekuwa akiiwakilisha Marekani Zanzibar, alizungumza kwa simu na Robert Gordon wa ubalozi wa Marekani Dar es Salaam. Kwa maelezo ya Wamarekani, mazungumzo yalihusu namna ya kuishawishi Washington itume salamu za pongezi kwa maadhimisho ya mwaka mmoja wa Mapinduzi, tarehe 12 Januari. Katika kutafuta hoja za kuwashawishi wakubwa, maneno ya Kiingereza yanayohusu bunduki na risasi yalitumiwa kwa maana ya sitiari, yaani hoja zenye nguvu. Simu ilikuwa ikisikilizwa. Waliosikiliza wakaelewa risasi kuwa ni risasi. Wanadiplomasia wote wawili walifukuzwa nchini, Marekani nayo ikamfukuza mwanadiplomasia wa Tanzania, na Tanzania ikamwita nyumbani balozi wake.

Ni rahisi kulicheka kosa hili, lakini uhakiki makini hauwezi kuishia hapo. Maana ya sitiari hutegemea muktadha, na muktadha wa wasikilizaji ulikuwa mzito. Tarehe 24 Novemba 1964, askari wa miamvuli wa Ubelgiji walikuwa wameshushwa Stanleyville kutoka katika ndege za Marekani. Mwezi huo huo, Waziri wa Mambo ya Nje, Oscar Kambona, alikuwa ametangaza kuwepo kwa nyaraka zilizodai njama za nchi za Magharibi dhidi ya Tanzania, nyaraka ambazo baadaye zilionekana kuwa za kughushi. Carlucci mwenyewe alikuwa amewahi kufanya kazi Kongo, na miaka mingi baadaye, kuanzia 1978 hadi 1981, alikuwa naibu mkurugenzi wa CIA. Msikilizaji wa simu alikosea kuhusu sentensi. Hakukosea kuamini kwamba dola zenye nguvu ziliweza kuangusha serikali za Afrika kwa siri. Usomaji wake ulikuwa batili katika neno na wenye mantiki katika muktadha.

Hapa ndipo somo la kifasihi linapojitokeza. Mamlaka fiche hujenga mazingira ambamo kila kauli yaweza kuwa na maana ya chini, na hivyo humfanya msomaji ashindwe kutofautisha fumbo na neno la kawaida. Matini yoyote inayosimulia ujasusi inapaswa kupimwa kwa namna inavyolikabili tatizo hili.

4.0 Siri Inayofumbuliwa na Siri Inayorundikwa

Riwaya ya Musiba hulikabili kwa kulifuta. Katika Kufa na Kupona (1974), Willy Gamba anatumwa Nairobi kufuatilia nyaraka za siri za wapigania uhuru zilizoibwa Dar es Salaam. Katika Kikosi cha Kisasi uwanja wa mapambano ni Kinshasa. Chifu hutoa amri, adui hufichwa, ishara hupotosha, lakini mwishoni kila fumbo hupata jibu. Msamiati wa Kiswahili wenyewe unasaidia mpangilio huu. Neno mpelelezi huelekea kubeba sifa ya utumishi na akili, ilhali jasusi huelekea kumhusu mtu wa upande wa pili. Lugha humgawia msomaji upande kabla hadithi haijaanza. Mchango wa Musiba si mdogo: alimpa msomaji wa kawaida ramani ya siasa za ukombozi, akamweka Mwafrika katika nafasi ya mwenye kujua badala ya mwenye kuchunguzwa. Gharama yake ni kwamba msomaji hafundishwi kuishi na siri isiyofumbuliwa.

Mwakikagile anafuata njia iliyo kinyume. Mtindo wake ni wa kunukuu kwa kirefu: magazeti, hotuba, vitabu vya watu wengine na kumbukumbu zake mwenyewe huwekwa sambamba, mara nyingine kwa kurasa nyingi bila mwandishi kuingilia. Baadhi ya wasomaji wanaweza kuuona mtindo huu kuwa kasoro, na kwa sehemu wana haki. Shahidi aliyekuwepo na mchambuzi aliyesikia mbali hupewa nafasi sawa, na msomaji huachwa apime mwenyewe uzito wa kila mmoja. Aidha, ushahidi mwingi unatokana na yale ambayo nchi za Magharibi zenyewe zimeamua kuyatoa. Kata inayochota mtungi huu bado imeshikwa na mwenye mtungi.

Hata hivyo, mrundiko huo una uaminifu wake. Unakataa kumaliza fumbo kwa jibu lisilo na ushahidi, na unamwekea msomaji malighafi ya hukumu mbele yake. Gamba angeisikiliza simu ya 1965 na kuufumbua mkasa kabla ya sura ya mwisho. Mbinu ya Mwakikagile ingeweka maelezo ya Carlucci, taarifa ya serikali na habari za magazeti pamoja, na kumwacha msomaji akiwa na shaka yenye msingi. Kwa mambo ya dola, shaka ya namna hiyo ni elimu.

5.0 Ushahidi kwa Kiswahili

Tatizo ni kwamba elimu hiyo imetolewa kwa Kiingereza. Vivyo hivyo nyaraka zinazoitegemeza: uchambuzi wa ndani wa CIA wa mwaka 1966 kuhusu Mapinduzi ya Zanzibar ulifunguliwa kwa umma baada ya takribani miaka 40, katika lugha ya walioundika. Mlango umefunguliwa, lakini si kwa kila mtu. Siri iliyotangazwa kwa lugha ambayo mwenye nchi haisomi kwa urahisi imepunguzwa tu, haijaisha.

Haiwezi kudaiwa kwamba Kiswahili hakina uwezo wa kubeba ushahidi wa aina hii. Kwaheri Ukoloni, Kwaheri Uhuru! cha Harith Ghassany (2010) kinasimulia upande uliofichika wa Mapinduzi ya Zanzibar kwa Kiswahili, kwa kutegemea simulizi za watu waliokuwa karibu na matukio. Hitimisho lake limepingwa na wengi, na ubishi huo ndio thamani yake kwa hoja ya makala hii. Watu walibishana kuhusu ushahidi, kwa lugha yao, bila kusubiri mfasiri. Hilo haliwezekani kwa riwaya, kwa sababu riwaya haidai kuaminiwa, na ni vigumu kwa kitabu cha Kiingereza, kwa sababu wengi waliotajwa ndani yake hawakisomi.

6.0 Hitimisho

Ulinganisho huu umeonesha kwamba Musiba na Mwakikagile wanashughulikia historia moja kwa mikataba miwili tofauti na msomaji. Mmoja anatoa jibu kwa Kiswahili. Mwingine anatoa maswali kwa Kiingereza. Pengo lililopo ni la maswali kwa Kiswahili. Mpuguso leo ina chuo cha ualimu. Mwalimu anayeandaliwa pale anaweza kumfundisha Willy Gamba bila kamusi, lakini akitaka kumwonesha mwanafunzi namna madai ya njama yanavyopimwa, hulazimika kuvuka kwenda lugha nyingine na kurudi na tafsiri yake mwenyewe. Kufasiri sehemu teule za maandishi ya Mwakikagile, pamoja na nyaraka zilizoondolewa usiri, ni kazi inayostahili kufanywa na wataalamu wa Kiswahili, si na wanahistoria peke yao. Mkasa wa 1965 unaonya jinsi tafsiri ya neno moja inavyoweza kuvuruga uhusiano wa mataifa. Unaonesha pia kwamba jamii isiyo na mazoezi ya kusoma siri kwa lugha yake itabaki kuamini kila fumbo, au kutoamini lolote.