Kumpima Mwongoza Wageni wa Magofu ya Pwani

Mkazi wa Mtopanga amejaaliwa kukaa katikati ya njia ambayo watu wa mbali huvuka bahari ili waione. Akishika barabara ya Malindi na kuelekea kusini, atapita Bamburi na Kengeleni, ambako wamisionari waliwaweka watu waliotolewa utumwani katika miaka ya 1870, na akishavuka daraja la Nyali atakuwa kisiwani, Ngome ya Yesu na nguzo ya Mbaraki zikiwa karibu naye. Akielekea kaskazini, punde si punde atavuka daraja la Mtwapa na kufika Jumba la Mtwana, na akizidi kwenda atafika Mnarani ya Kilifi, kisha Gedi, mji uliotiwa na UNESCO katika orodha ya urithi wa dunia mwaka 2024, kama Ngome ilivyotiwa mwaka 2011. Nyumba za mtaa huu hupokea wageni kila msimu, mjukuu kutoka Nairobi, ami kutoka Maskati, mkwe kutoka London, na kila ajaye huomba siku moja ya kuzungushwa mahali pa kale. Basi mwenyeji hana budi kumtafuta mtu wa kumwongoza mgeni wake, na hapo ndipo shida ianzapo, maana waongoza wageni ni wengi na aghalabu wote ni wasemaji.

Kazi hii ni sanaa iliyotimia, ina wastadi wake na ina wababaishaji wake, ila aibu yake ni nzito kuliko ya sanaa nyingine kwa sababu haionekani upesi. Mlango uliochongwa vibaya hukataa kufunga siku ile ile, na fundi akaitwa; lakini mgeni aliyeambiwa uwongo mbele ya kaburi la karne ya kumi na nne hurudi kwao ameridhika, akausimulia uwongo ule kwa furaha, na hapana atakayemrudia msemaji kumdai fidia. Kwa hiyo mwenye kuchagua yampasa awe na kipimo chake kabla ya safari.

Watu wengi hupima kwa ulimi. Humsikia kijana akiamkia kwa Kiitaliano, akaendelea kwa Kijerumani na kumalizia kwa Kiingereza kisicho na kasoro, wakadhani wamepata johari. Lugha ni chombo chema, na asiyekuwa nayo hawezi kuifanya kazi hii. Walakini chombo si shehena, na nimesikia maneno matupu yakisemwa kwa lugha tano. Kipimo nikiaminicho mimi ni kile kilichofundishwa katika darasa za misikiti ya pwani tangu zama za mababu: kila riwaya iulizwe sanadi yake. Mwongoza wageni aliye stadi huyatenga manne yasichanganyike, yaani liko lile ambalo jicho linaliona katika jiwe, liko lililoandikwa na mtu aliyekuwako, liko lililopokelewa na wazee mdomo kwa mdomo, na iko rai ya wachimbuaji na wataalamu, ambayo yaweza kugeuka kesho. Na kila asemapo neno, hata kama hakutaja, wewe msikilizaji unajua limetoka katika fungu gani. Huyo ndiye wa kulipwa. Yule anayeyasema yote manne kwa sauti moja na yakini moja, hata akiwa mcheshi namna gani, mwache.

Sheria hii haina mipaka ya nchi. Waliopata kufika Misri wanajua kwamba chini ya piramidi ya Khufu huko Giza, jengo lililopanda kiasi cha mita 146 lilipokuwa zima, bado wako wanaosimulia kwamba lilijengwa na watumwa waliochapwa mijeledi. Lakini mwaka 1990 yaligunduliwa karibu na hapo makaburi ya wajenzi wenyewe, waliozikwa kwa heshima kando ya mfalme wao, wengine wakiwa na mifupa iliyovunjika kisha ikatibiwa ikaunga. Na mwaka 2013, katika pwani ya Bahari ya Shamu, zilipatikana karatasi za mafunjo za mnyapara aitwaye Merer, aliyeandika siku kwa siku jinsi yeye na watu wake walivyochukua mawe kwa mashua kutoka Tura mpaka Giza. Mwongoza wageni wa Giza anayemjua Merer ana sanadi ya kutoka mkononi mwa mtu aliyeyabeba mawe, na asiyemjua amebaki na hikaya tu.

Pwani yetu haikutuachia Merer. Majina ya waashi wa Jumba hayakuandikwa, wala jina la mji wao lilivyokuwa walipoishi halikutufikia, na kwa hiyo mwongoza wageni wa hapa hana budi kuwa hodari wa kusoma jiwe kuliko mwenzake wa Misri. Rai yangu ni kwamba stadi wa kweli huanza somo lake kabla ya kufika kwenye magofu, gari lingali Bamburi. Mwamba wa chini ya ardhi yetu ni matumbawe ya zama za kale sana yaliyogeuka jiwe, na ndio uliochimbwa na kusagwa saruji Bamburi tangu miaka ya 1950, na kuanzia 1971 mashimo yake yakaanza kupandwa mivinje na miti mingine kwa juhudi ya Rene Haller, hata pakawa msitu ambao watoto wa Mtopanga huenda kutazama wanyama. Mgeni aliyeonyeshwa timbo akaelewa lile jiwe, atakapoingia Jumba hataona kuta ngeni. Ataona mwamba ule ule, uliokatwa na mikono mingine karne sita kabla ya saruji.

Ukishafika Jumba, penye mibuyu na upepo wa bahari, mtazame kiongozi wako ataweka mkono wake wapi. Mbabaishaji huonyesha kwa kidole akiwa mbali, na kusema hii nyumba, huu msikiti, hili kaburi, kama asomaye orodha ya duka. Stadi husogea mpaka ukutani akakutenganishia jiwe la ardhini, gumu na lenye matundu, lililojengewa kuta, na tumbawe lililokatwa baharini likingali bichi, jepesi na laini, linalochongeka bila taabu kisha likakazana likaukapo, ndilo lililotengewa miimo ya milango na mapambo ya mihrabu. Atakwambia chokaa ilipatikana kwa kuchoma matumbawe juu ya tanuri la magogo. Na mgeni atakapostaajabu kuona vyumba virefu vilivyo vyembamba, akauliza kwa nini watu wenye mali walijibana hivyo, mwongoza wageni dhaifu atabuni jibu la papo kwa papo, ilhali aliye stadi atamwambia kwamba dari zilikaa juu ya boriti za mikoko, na mkoko hautoi boriti ya kutegemewa inayozidi sana mita 3, hivyo upana wa chumba uliamriwa na mti wala si na mfuko wa mwenye nyumba. Swali hili la vyumba vyembamba naliona kuwa mtihani bora kuliko yote; nakushauri uliulize wewe mwenyewe mapema, kabla mgeni hajauliza.

Mtihani wa pili uko hapo hapo, katika msikiti ulio ufukoni, penye birika na mawe ya matumbawe ya kusugulia nyayo. Ibn Battuta alipita Mombasa mwaka 1331, katika karne ile ile mji wa Jumba ulipokuwa ukisimama, akaeleza kwamba watu wake walikuwa wachamungu, wakienda bila viatu, na kwamba penye milango ya misikiti palikuwa na maji ya kuoshea miguu kabla ya kuingia. Kiongozi anayeweza kuiweka shahada hiyo kando ya yale mawe ya kusugulia amekupa jambo la thamani kubwa. Lakini mwenye insafu ataongeza kwamba msafiri yule aliiona Mombasa wala hakulitaja Jumba, na misikiti aliyoieleza ilikuwa ya mbao iliyojengwa kwa ustadi, si ya mawe. Nyongeza hiyo hainogeshi hadithi. Hakuna faida anayoipata kwa kuisema isipokuwa ukweli, na ndiyo sababu mimi huisubiri kwa hamu kuliko hadithi yenyewe.

Kisha liko jina. Kwa kuwa mahali hapa panaitwa Jumba la Mtwana, wako wanaomwonyesha mgeni vyumba fulani na kumwambia humo walifungwa watumwa wakingoja kuuzwa, na mgeni, aliyekuja na huzuni ya haki juu ya biashara ile dhalimu, hutokwa na machozi. Mji huu uliishi kiasi cha karne moja na kuachwa mapema katika karne ya kumi na tano. James Kirkman alipouchimbua mwaka 1972, na wataalamu waliomfuata, hawakupata ithibati madhubuti ya soko wala gereza la watumwa. Utumwa wa pwani ulikuwa kweli na uliumiza, na una mahali pake pa kusimuliwa kwa ithibati. Kuwatungia waliouonja mateso ya kubuni katika vyumba ambavyo pengine vilikuwa ghala za nafaka ni kuwadhulumu mara ya pili. Akikuletea hadithi hiyo kwa yakini, umekwisha kujua daraja yake.

Liko na swali ambalo kila mgeni hulifikia, nani aliyejenga. Zamani jibu la vitabu lilikuwa Waarabu na Waajemi, na baadaye wengine wakajibu Waafrika peke yao. Mwaka 2023 ulichapishwa uchunguzi wa nasaba katika mifupa ya wafu wa miji ya kale ya pwani, Mtwapa ikiwamo pamoja na Manda na Kilwa, na ukaonyesha kwamba tangu mnamo mwaka 1000 kina mama wa Kiafrika walizaa na wanaume waliotoka ng'ambo, hasa Uajemi, na wazao wao ndio waliolala katika makaburi yale. Habari hiyo imetoka kwenye makaburi ya jirani zetu, mwendo mfupi kutoka Mtopanga. Mwongoza wageni ambaye haijamfikia ameacha kusoma, na mwenye kuacha kusoma katika kazi hii hudidimia kidogo kidogo bila kujijua.

Gedi yastahiki nusu ya siku peke yake. Hapo mtazame kiongozi anavyoanza: akikupeleka kwanza kwenye kaburi lenye tarehe, lililochorwa mwaka 802 wa Hijria, ambao ni 1399 Miladi, anajua kwamba huo ndio msumari ambapo hesabu ya mji imetundikwa. Kirkman alianza kuchimbua pale mwaka 1948, akakuta vyombo vya Uchina na vya Uajemi, visima, vyoo na misikiti. Walakini Wareno, waliokaa Malindi iliyo karibu, hawakuuandika mji huu hata mara moja. Kwa nini watu wake waliondoka? Wako wasemao maji yalizama, na kisima kimoja kilizidishwa kina kweli. Wako wasemao ni vita vya Wazimba mwaka 1589, na wako wasemao ni mashambulizi ya Waoromo, ambao vitabu vya zamani huwaita Wagala. Stadi atakupa rai zote na kukwambia ipi aielemeayo na kwa sababu gani. Kuhusu mizimu ya watu wa kale inayosemwa kuulinda msitu ule, atakusimulia kwa taadhima kama imani ya wazee, asiibeze wala asiiuze.

Adabu hiyo ndiyo inayopimwa Mbaraki pia, ambako bado wako wanaofika kwenye nguzo na marashi na uvumba. Mwongoza wageni anayemkuta mama anaomba pale akamsukumia kamera, hana haja ya kupimwa tena. Kadhalika asiyewazuia wageni kupanda makaburi, na asiyemwamkia mlinzi wa magofu kwa jina la heshima, maana aghalabu yule mzee wa langoni ndiye mwenye riwaya zilizo bora.

Ngomeni sina maneno mengi, kwa kuwa hapo habari zimeandikwa na kosa hujulikana mara moja. Ngome ilianzwa na Wareno mwaka 1593 kwa ramani ya Mwitaliano Cairati, karibu miaka mia baada ya Vasco da Gama kupita, na anayesema Vasco da Gama aliijenga umwage kwa upole. Usikilize kama katika mazingiwa ya 1696 hadi 1698 atawataja Wareno na Waomani tu, au atamtaja Bwana Daudi wa Faza na watu wake waliobaki ndani kuishika ngome wakati Wareno walipokuwa wamekwisha kufa kwa maradhi.

Mwisho liko shauri la mwendo na ujira. Akikuahidi Ngome, Mbaraki, Jumba, Mnarani, Gedi na nguzo ya Malindi kwa siku moja, jua anauza vituo. Aliye mwaminifu atakuambia uchague viwili au vitatu, uondoke alfajiri kabla ya jua kuwa kali, na jioni umrudishe mgeni akiwa bado ana nguvu ya kuuliza. Patana naye bei kamili nyumbani, kiingilio kikiwa mbali na ujira wake, na umlipe yote bila kupunguza hata kama mvua ya masika imewakatiza Gedi, kwa kuwa elimu yake aliikusanya kwa miaka ambayo hakuna aliyemlipa. Na kabla ya kukubaliana naye muulize ni nani aliyemfundisha, na ni mwenzake yupi angemwita lau yeye angeugua siku ile; aliye na sanadi atakutajia watu wawili au watatu bila kusita, na majina hayo uyaandike, utayahitaji msimu ujao.