Kituo, Mugumo na Mamlaka ya Ushahidi: Kuisoma Pumzi kutoka Nyeri

Filamu fupi ya Wanuri Kahiu, Pumzi (2009), huainishwa kama bunilizi ya kisayansi, na kwa kawaida husomwa kama onyo juu ya ukame ujao. Uainishaji huo haukosi msingi. Hadithi inatukia katika Afrika Mashariki, miaka 35 baada ya Vita Vikuu vya Tatu, vilivyokuwa vita vya maji. Watu wa jamii iitwayo Maitu wanaishi ndani ya majengo yaliyofungwa. Jasho na mkojo wao husafishwa na kunywewa tena, na umeme wao huzalishwa na miili yao wenyewe juu ya mashine za mazoezi. Hata hivyo, tunachodai katika makala haya ni kwamba kiini cha Pumzi si ukame. Kiini chake ni kituo chenyewe cha utafiti, na swali linaloulizwa humo ni hili: nani ana idhini ya kuamua kwamba jambo limethibitika?

Mhusika mkuu, Asha, ni mtunzaji wa makumbusho ya maumbile katika kituo hicho. Siku moja anapokea udongo usiojulikana umetumwa na nani, ila maelezo ya mahali ulikotoka yapo. Asha anautendea udongo huo mambo mawili: anaupima, na anaunusa. Vifaa vinamwonyesha kwamba una unyevu mwingi na hauna mionzi hatari. Pua inamtumbukiza katika ndoto ya maji na mti, na katika jamii ya Maitu ndoto ni kosa linalotibiwa kwa vidonge. Anapoomba ruhusa ya kutoka akautafute mti huo, Baraza linamnyima.

Mhakiki mwenye haraka ataona hapa mgogoro wa sayansi na mapokeo, ule ambao wanafunzi wetu wanaupenda mno kwa kuwa hujaza kurasa bila taabu. Usomaji huo hausimami, kwani pua na mashine zimekwisha kuafikiana. Baraza halikatai muujiza; linakataa kipimo cha maabara yake lenyewe. Nguvu iliyomo katika udongo ule haina siri yoyote, ila imefanywa siri na wale ambao utawala wao unategemea imani kwamba nje hakuna uhai.

Ni katika hatua hii ambapo Nyeri inatufaa. Jina Maitu ni la Kikuyu, lenye maana ya mama, na filamu inalifasili mwanzoni kwa kulichambua pia kuwa 'ukweli wetu'. Aidha, Kahiu ndiye aliyetengeneza filamu ya maisha ya Wangari Maathai, For Our Land, mwaka uo huo wa 2009. Maathai, aliyezaliwa Ihithe, Nyeri, mwaka 1940, anasimulia katika Unbowed (2006) jinsi mama yake alivyomkataza kuokota kuni chini ya mugumo kwa kuwa ulikuwa mti wa Mungu. Karibu na mugumo huo palibubujika kijito ambamo mtoto yule alichezea mayai ya vyura. Mti ulipokuja kukatwa, kijito kilikauka. Maathai, ambaye kufikia wakati huo alikuwa mwanabiolojia, aliweza kueleza kazi ya mizizi katika kuyaleta maji juu. Elimu yake haikuufuta mwiko wa mama. Iliuonyesha kuwa ulikuwa maarifa ya maji yaliyohifadhiwa kwa lugha nyingine. Mlima Kenya nao, unaoaminiwa na Wakikuyu kuwa makao ya Ngai, una tangu 1999 kituo cha kupima hali ya angahewa kwenye kimo cha meta 3,678. Hatujaona kwamba kituo hicho kimemhamisha Ngai.

Tofauti inajitokeza wazi tukiilinganisha Pumzi na riwaya ya Mmarekani Mike Resnick, Kirinyaga (1998). Humo Wakikuyu wanahamishiwa sayari ya kutengenezwa, na mundumugu wao, Koriba, anaificha kompyuta ambayo kwayo huomba mzunguko wa sayari ubadilishwe ili mvua inyeshe au isinyeshe. Wanakijiji huona uwezo wa Ngai. Msomaji huona kompyuta. Resnick anaisimulia hila hiyo kwa ustadi na hata kwa huzuni, lakini katika ulimwengu wake mwenye maarifa ya jadi hana budi kuwa mwongo. Kahiu ameigeuza hali hiyo: mganga wa uongo ni Baraza.

Anwani ya filamu inastahili kuangaliwa pia. Wahusika wa Maitu hawasemezani kwa vinywa. Maneno yao hupitia mashine. Usemi wa binadamu ni pumzi iliyoundwa, nao wamenyang'anywa. Ndiyo maana tendo la Asha la kuvuta harufu ya udongo lina uzito kuliko mapambano yote yanayofuata: kwa mara ya kwanza pumzi yake inamfanyia kazi yeye, wala si mtambo.

Mwisho wa filamu hauturidhishi. Asha anatoroka kwa msaada wa mwanamke msafishaji wa msalani, anavuka jangwa, anaupanda mche, anaunywesha tone lake la mwisho la maji, kisha anaukinga jua kwa mwili wake na kulala hapo. Mti unaota mahali alipolala. Jina Maitu limemnasa: mama ni lazima afe ili awe mama. Maathai hakupanda hivyo. Tangu 1977 Green Belt Movement iliwalipa wanawake wa vikundi vya vijijini fedha kidogo kwa kila mche ulioshika, na habari za Tuzo ya Nobel zilipomfikia Oktoba 2004 akiwa safarini kwenda Nyeri, alipanda kifabakazi katika bustani ya Hoteli ya Outspan, mlima ukiwa mbele yake, akaendelea na kazi. Msafishaji yule wa msalani ndiye kikundi pekee alicho nacho Asha, na filamu inamwacha nyuma mlangoni. Picha ya mwisho inapanda juu mno hadi tunaona msitu ukingoni mwa jangwa, bila kuambiwa kama ulioteshwa na Asha au ulikuwapo siku zote, mbele ya kituo kilichokataa kuchungulia nje.